Biro ya ba avoka ya Bel-Air kwa benye balitoshwa mu konkuru ya maternele: barua yabo ni kali, lakini franga uulizie mbele

Hii ni avis yangu ju ya biro moja ya ba avoka kule Bel-Air, komini ya Kampemba, hapa Lubumbashi, benye kazi yabo kubwa ni kusaidia batu benye balipima konkuru ya Leta kiisha listi ikatoka na majina yenye hakuna mutu aliyaona mu sale ya mutihani. Jina ya biro siandike, dosye ingali mbele ya tribinale na metre, avoka mwenyewe, aliniomba niache kwanza, mwenye anataka aniandikie inbox nitamuelekeza. Naandika juu kila mwaka minaona mu ba group ya WhatsApp batu banalia, tulipita, tulifaulu, balitutosha, kiisha banaacha paka vile, banaenda kusema ku redio, banaenda kuona pasta, na muda yenye sheria iliwapa inaisha bila mutu kujua kama iliisha.

Mambo yenyewe iko hivi. Kuko maternele moja ya Leta, pembeni yake iko kreshi kwa batoto benye habajafikisha miaka tatu, balitafuta ba monitrisi na ba mama ya kulinda batoto. Tangazo ikabandikwa ku valve ya komini, ile ubao ya matangazo. Balilomba diplome ya Leta, option pedagoji, seritifika ya munganga ya kuonyesha kama mutu iko na afya ya kufanya kazi, atestasio ya muenendo muzuri, ba foto, na barua ya kulomba kazi. Mudogo yangu mwanamuke eko na D6, ile diplome ya Leta, amefundisha mu maternele ya watu binafsi myaka na myaka kwa franga ya kuchekesha, dosye yake ilikuwa kamili, balimupa resi na kashe juu. Akaandika mutihani, akapita ku entretien, akarudi nyumbani anaimba. Listi ikatoka: yeye haiko, ata mu rezerve, listi ya benye banangojea nafasi, haiko, na juu kabisa jina ya bibi moja mwenye batu bote balikuwa mu sale banaapa habakumuona siku ya mutihani. Jina yake ya familia sasa, eh, mu ile komini hauhitaji kuuliza ni ya nani.

Mutu wa inje anaweza kuuliza, kelele yote hii ya nini kwa kazi ya kupangusa batoto makamasi? Basi aje aishi huku. Monitrisi ya Leta ni mutu mwenye iko na matumaini ya matricule, namba ya mutumishi ya Leta, na matricule njo inamufungulia mulango ya mushahara ya SECOPE, biro ya Leta yenye inatayarisha mushahara ya balimu, ile sasa banaita DINACOPE. Nasema matumaini juu mutu anaweza kuingia, akafundisha, akabakia NU, nouvelle unité, hajamekanizwa, ni kusema jina yake haijaingia mu listi ya mushahara, analipwa na ahadi. Na ku maternele ni mubaya zaidi: bure ya masomo yenye ilianza mu septemba 2019 ni ya primaire, maternele haiko ndani, kwa hiyo bazazi banaendelea kulipa na monitrisi NU anaishi na ile ile yenye bazazi banaleta. Kwa hiyo tulikuwa tunagombania kazi yenye pengine italipa baadaye, pengine baadaye sana, na bado batu balikuwa tayari kuibia kwa kuipata. Ile inakuonyesha ukubwa ya njaa ya kazi mu hii muji.

Bon, biro sasa. Unapanda ngazi, koridori iko giza kuraa ikikatika, na inakatika, biti ni ya mbao na moja ni mubovu, usiikalie ile ya ku dirisha. Mwenye anakupokea ni sitajeri, avoka mwenye angali anajifunza, kijana mupole sana, anaita kila mutu mama ao papa ata kama umri ni moja, anaandika mambo yako mu kaye kubwa. Hapo nilifikiri tutaanza na kusimulia zulumu, na mudogo yangu alikuwa amejitayarisha na machozi yake yote. Apana. Metre mwenyewe alipotuingiza mu biro yake hakutaka machozi, aliuliza swali moja tu: ile listi, chini yake, nani aliweka sinyatiri? Tukaangaliana. Hakuna mwenye alisoma chini. Sisi bote tulisoma paka majina.

Hapa njo minaanza kubapa pointi, juu walitufasiria kitu yenye hakuna mutu alitufasiria mbele. Mambo ya kazi ya kreshi na maternele inaweza kuingia mu milango tofauti, na ukikosea mulango juge hatakusikiliza, ata kama haki ni yako. Kama mwenye alisaini ni burugumestre, mukubwa ya komini, ile ni akte ya otorite ya mahali, inaenda ku tribinale ya administrasio, si ku tribinale de pe, si ku parke kwa prokirere, si ku polisi. Kama ni arete ya minisitre wa Kinshasa, basi ni Conseil d'Etat, na Conseil d'Etat iko Kinshasa, uhesabu tiketi ya ndege. Hii yote inatoka mu sheria organike 16/027 ya 15/10/2016, ile ilipanga ba juridiksio ya administrasio. Mbele yake mambo ya vile ya Kinshasa ilikuwa inaenda ku seksio moja ya Cour suprême. Kama mama wa kreshi alikuwa tayari na kontra ya kazi ya kawaida, bakamufukuza, ile ni kodi ya kazi (code du travail, si kodi ya kulipa), sheria 015/2002 ya 16/10/2002, na hapo huwezi kuruka moja kwa moja ku tribinale ya kazi, artikle 298 inalomba upite kwanza ku inspekteri ya kazi kwa konsiliasio. Na kama maternele ni ya konvansione, ya Katolike ao ya Protestanti ao ya Kimbangu, iko na kordinasio yake, juu tangu konvansio ya 26/02/1977 Leta ilirudishia makanisa kazi ya kusimamia masomo yabo, kwa hiyo barua yako inaenda kwingine tena.

Kulikuwa mama moja pale ku biti, alitoka Ruashi, alikuwa amezunguka na dosye yake kwa muda murefu, parke, majistra, deputé, kila fasi banamuambia "hii haiko ya kwetu". Metre aliangalia karatasi yake dakika kidogo tu, akamuambia, mama, kontra yako ni hii, wewe hauna mambo na burugumestre, enda ku inspeksio ya kazi na hii karatasi. Hakumulipisha. Nilipenda ile.

Sasa barua. Hapa njo biro yabo iko na nguvu kweli kweli na kama utasoma paragrafi moja tu ya hii avis usome hii. Mbele ya kushitaki, sheria inakulazimisha uandikie kwanza ule ule mwenye alisaini, unamuomba avunje ao abadilishe desizio yake. Banaita reklamasio preyalabule. Uko na myezi tatu tangu listi ilibandikwa ao tangu bakupe habari. Ukiisha kutuma, yeye pia iko na myezi tatu ya kukujibu, na akinyamaza, kule kunyamaza ni jibu: ni apana. Kuanzia pale unahesabu tena myezi tatu ya kupeleka rekuru, ni kusema mashitaka yenyewe, ku tribinale. Ukikosa ile barua ya kwanza, mwisho, juge atasema rekuru haipokeleki, ataifunga bila kuangalia kama ulifaulu ao ulishindwa. Unaona sasa namna batu banapoteza haki yabo? Si kwa uongo ya komini peke yake, ni kwa kungojea. Burugumestre anabaambia "ikaleni kimya, tunaangalia hii mambo, rudieni mwezi wenye unakuja", na wao banarudia, na banarudia, na kalenda inatembea. Ahadi ya mudomo haisimamishe myezi.

Barua yenyewe walituandikia ukurasa mbili na kidogo. Mudogo yangu alitaka kuweka ndani mambo ya ule bibi, ni mutoto wa nani, analala kwa nani, metre alifuta yote na kalamu nyekundu, akasema kila tusi unaandika mu barua ya vile ni zawadi unapatia avoka ya upande ingine. Alibakiza fakti: tarehe ya tangazo, namba ya resi, tarehe ya mutihani, saa, sale. Kiisha akalomba karatasi, moja moja: desizio ya kufungua konkuru, majina ya juri, feye ya prezansi (karatasi yenye benye balikuwa mu sale balisaini), kotasio, ni kusema pointi, ya kila kandida ku mutihani ya kuandika na ku entretien, PV ya delibérasio, karatasi yenye juri iliandika namna iliamua. Kwangu ile njo ilikuwa akili ya kweli. Feye ya prezansi hasa. Kama bibi hakuwa mu sale, sinyatiri yake haitakuwa, na kama sinyatiri iko, basi kuna mutu aliiweka, na hapo ni mambo ingine kabisa, faux, karatasi ya uongo, yenye hata parke inaweza kupenda.

Ku misingi ya sheria aliweka Katiba ya 18/02/2006, artikle 12 ya usawa, na artikle 13 yenye sikujua kama iko hivyo: inasema hakuna Mukongomani anaweza kubaguliwa mu masomo na mu kuingia kazi ya Leta ju ya dini yake, asili ya jamaa yake, hali yake, fasi anaishi, mawazo yake ya politike, kabila yake. Asili ya jamaa! Imeandikwa mule ndani tangu 2006 na sisi tunasema "ni Kongo, utafanya nini". Akaongeza artikle 193 yenye inasema administrasio haina politike, haina upande, na hakuna mutu anaweza kuigeuza kwa faida yake, na sheria 16/013 ya 15/07/2016 ya ba ajan ya kariere, ile inataka batu baingie kwa konkuru. Mu Katiba ile ile, artikle 204, maternele na primaire na segondere ni kazi ya provense, kufwata kanuni ya Kinshasa, kwa hiyo kopi moja ya barua ilienda pia ku provense. Hii ya kopi ilitusaidia sana, nitaisema mbele kidogo.

Kupeleka barua ni kazi ingine. Sitajeri alituambia musiache orijinale bila kashe ku kopi yenu. Ku komini sekretere alikamata barua, akasoma, akaweka mu tiroire, akasema murudie kesho. Sitajeri mwenye alitusindikiza akabakia paka amesimama. Hakusema kintu. Akabakia. Sekretere akauliza munangojea nini, akajibu kwa heshima yote, mama, tunangojea akize de resepsio, kashe na tarehe ya leo. Na akaiweka. Kama ni sisi peke yetu tungerudia kesho, na kesho ingekuwa kesho kutwa. Mutu mwenye hatapata kashe, banasema atume kwa posta ao kwa huisye, mutu wa tribinale mwenye anapeleka barua, ile inalipwa.

Ku mambo ya ushahidi biro inakuomba uwe na vitu vyenye batu mingi hatukamate: foto ya valve yenyewe siku listi inatoka, si foto ya listi peke yake, foto yenye kuonyesha ukuta na karatasi mahali yake, juu listi inaweza kubadilishwa usiku, kopi ya tangazo ya kwanza, juu masharti inaweza kuongezeka njiani (kwetu ku entretien ndipo ilitokea swali ya "eksperiansi mu kreshi ya hii komini", kitu yenye haikuandikwa fasi yoyote ku tangazo), resi ya dosye, majina ya benye mulikuwa nabo mu sale. Mudogo yangu alikuwa na foto kwa bahati tu, rafiki yake alijipiga selfi akiwa mbele ya listi, amefurahi juu jina yake ilikuwa, na nyuma yake listi yote inasomeka. Ile selfi sasa ni piese ya dosye.

Niko na yaya moja Italia, nilipomusimulia alicheka. Alisema kule kreshi ya komini banaita asilo nido, na ba monitrisi banafanya konkuru na banashitakiana kila saa, tribinale yabo ni TAR, na muda ni siku 60 tu, si myezi tatu kama sisi. Vita yabo kubwa ni diplome, tangu dekre ya 2017 balianza kulomba lisansi maalum ya kulea batoto badogo na benye beko na diplome ya zamani banauliza kama ingali inafaa. Ingine ni karatasi ya mutihani kuwa bila jina: Conseil d'Etat ya kule ilisema mu 2013 kama namna ya kufanya mutihani inaacha mwenye anasahihisha aweze kujua karatasi ni ya nani, ile tu inatosha kuharibu konkuru, hauna lazima ya kuonyesha kama kweli alimupendelea mutu. Niliuliza metre kama tunaweza kutumia hii kwetu. Alisema inaweza kumufundisha juge kufikiri, lakini haimulazimishe, na sisi huku mbele ya kugombania jina ku karatasi tugombanie kwanza karatasi ionekane. Nikanyamaza.

Sasa mabaya, juu iko.

Ya kwanza na ile ilinikasirisha: hawakutuambia mapema kama kushinda haiko sawa na kupata kazi. Tulijua hii katikati ya njia, na tulijua kutoka kwa sitajeri, si kwa metre. Juge ya administrasio anavunja desizio, hasaini matricule. Akivunja listi, komini inarudia konkuru, ao inarudia ile sehemu yenye ilikuwa mubaya, na wewe unarudia kukaa ku biti na batu bote, na bale benye walipita kwa haki banaumia pamoja na bale benye walipita na mulango ya nyuma. Mudogo yangu aliposikia hivyo hakulala. Kati ya benye beko ku listi kuko mama moja rafiki yake, mujane, alifaulu kweli, kila mutu anajua. Kumushitakia listi ni kumushitakia na yeye. Minaona avoka anapashwa kusema hii siku ya kwanza, mbele ya kufungua kaye. Kuko namna ya kulomba juge avunje kwa kandida moja tu ao asimamishe haraka kwa refere, na refere nayo haitembeye peke yake inafwatana na rekuru yenyewe, lakini yote hii unapashwa kuijua ukiwa bado na akili baridi, si wakati umeisha kulipa.

Ya pili, franga. Konsiltasio bei yake iko wazi, imebandikwa ku mulango, na si ghali. Lakini nyuma yake inakuja fotokopi, transpo ya sitajeri, "frais ya dosye", kiisha kuandika barua, kiisha kama munaenda ku tribinale kuko provizio ya onorere, malipo ya avoka ya kutanguliza, mu dolari. Hakuna karatasi yenye inaonyesha yote pamoja. Kila mara unaambiwa ile ya leo. Nililomba waandike yote fasi moja, metre alichukia kidogo, kiisha aliandika, na kuanzia pale mambo ikawa muzuri. Kwa hiyo lombeni. Na kitu ingine, baro yote, ile chama ya ba avoka, iko na biro ya konsiltasio ya bure, BCG, kwa batu benye hawana uwezo, iko mu sheria ya ba avoka tangu 1979, unaleta atestasio ya endijansi kutoka komini. (Ndiyo, unaenda kulomba atestasio ku komini ile ile unaishitaki. Chekeni.) Hawa ba Bel-Air wanajua BCG vizuri lakini hawakusemee mutu, uulize wewe. Kwa barua peke yake mi ningelipa hawa. Kwa prose murefu, kama hauna franga, upite ku BCG kwanza.

Ya tatu ni ya kungojea. Metre iko moja, sitajeri iko moja, na batu ni mingi. Simu hawapokeye saa za odiansi, na saa za odiansi ni asubuhi yote.

Kwa upande ya adabu sasa naweza kubasifu bila kusita. Bibi mwenye jina yake ilikuwa juu ku listi, ule ule, alituma mutu ku biro hiyo hiyo kulomba wamutetee, wakakataa, wakasema tayari tuko na dosye ya upande ingine. Sikuambiwa na bao, nilisikia kwa mutu wa upande yake akiwatukana. Tena kulikuwa muzee moja anazunguka inje ya biro, si mutu wabo, anaita batu pembeni, anasema anajua mutu ndani ya komini, mutoe tu madesu ya bana na mambo itanyooka. Nilimusemea metre. Alitoka yeye mwenyewe inje, alimufukuza mbele ya batu bote, kiisha alitugeukia akatuambia mwenye atalipa ule muzee asirudie hapa, juu siku ya odiansi upande ingine watasema nyinyi pia mulinunua, na watakuwa na haki. Kwa muji yenye kila biro iko na muzee wake ku mulango, hii si kitu kidogo.

Na matokeo? Mbele ya myezi tatu ya kunyamaza kuisha, komini ilijibu. Minaamini ni ile kopi ya provense iliwasukuma, juu jibu ilianza na "suite à la demande de la hiérarchie", ni kusema bakubwa balilomba. Walisema dosye ya mudogo yangu iliwekwa pembeni juu haikuwa na seritifika ya munganga. Ku resi yabo wenyewe, na kashe yabo, seritifika imeandikwa, piese ya tatu. Metre aliwarudishia kopi ya resi na mustari moja tu chini yake. Wakamuita mudogo yangu, wakamuweka mu rezerve, wakasema nafasi ya kwanza yenye itafunguka ni yake. Kotasio walimuonyesha yake peke yake, wakakatala za bengine, na feye ya prezansi wakasema inatafutwa.

Yeye alikubali rezerve. Mi sikupenda lakini si mimi nitaamuka asubuhi kuenda kuimbia batoto ya batu. Wenzake wengine watatu hawakukubali, rekuru yabo iliingia ndani ya muda, na ya kwanza walilomba ni ile feye ya prezansi. Wako wanangojea tarehe.

Nota yangu: barua na kashe, tano juu ya tano. Kufasiria mambo mapema, mbili. Bei, tatu, inapanda ikiandikwa. Biti, moja. Wanafungua kazi moja mupaka kazi tano, lakini uende mchana nyuma ya odiansi, siku ya posho (samedi) ni mupaka saa sita na metre haikuwe, ni sitajeri peke yake, na kwa barua sitajeri anatosha. Fotokopi mufanye kwa secretariat ya inje, chini ya ngazi, ni nusu ya bei yabo.